Taji na Wenye Nalo

Mashindano ya urembo ya kisasa yalianzishwa na wenye hoteli. Mwaka 1921 katika mji wa pwani wa Atlantic City, jimbo la New Jersey nchini Marekani, wafanyabiashara walikuwa na tatizo lililowarudia kila mwaka: ikiingia Septemba, wageni wa kiangazi hufunga mizigo na kurudi makwao, vyumba vikabaki vitupu. Ikatafutwa burudani ya kuwashikilia siku mbili tatu zaidi. Wasichana kutoka miji kadhaa wakaletwa, wakapitishwa ufukweni na nguo za kuogelea, na binti wa miaka 16 kutoka Washington, Margaret Gorman, akatangazwa mshindi. Kutokana na burudani hiyo ya kujaza vyumba yakapatikana mashindano ya Miss America.

Miaka 30 baadaye London nayo ikapata yake. Uingereza ilikuwa na maonyesho makubwa ya taifa mwaka 1951, na Eric Morley, meneja katika kampuni ya kumbi za starehe, akaona hiyo ndiyo nafasi ya kuvuta watu. Mshindi, Kiki Håkansson wa Sweden, alivishwa taji akiwa amevaa bikini. Makelele yaliyofuata yaliwafanya waandaaji waache kuvika taji namna hiyo, lakini jina Miss World lilikwishashika. Miss Universe nayo ina kisa chake. Kampuni ya Catalina, watengenezaji wa nguo za kuogelea, ilikuwa mfadhili wa Miss America. Mshindi mmoja, Yolande Betbeze, alikataa kuzunguka nchini akitangaza bidhaa hizo kwa kuzivaa. Kampuni ikanuna, ikajitoa, ikaanzisha mashindano yake mwenyewe huko Long Beach, California, mwaka 1952. Taji la kwanza lilikwenda Finland, kwa Armi Kuusela.

Asili hiyo ya kibiashara ndiyo inayoeleza mengi yanayotokea leo. Mabadiliko yanayoonekana sasa katika mashindano haya, kuhusu umri, ndoa, nywele, mavazi na hata jinsi washiriki wanavyozungumza na waandaaji, kwa kawaida huelezwa kuwa ni matunda ya fikra mpya. Ni kweli kwa sehemu. Wanawake wamepigania mengi kati ya hayo kwa miaka mingi, wengine mahakamani, wengine barabarani. Lakini ukifuatilia tarehe, mlango ulifunguka zaidi pale mlipaji alipobadilika: mfadhili alipoogopa, televisheni ilipopoteza watazamaji, au mmiliki mpya alipohitaji washiriki wengi zaidi.

Kanuni za zamani zilikuwa kali, na baadhi hazikuficha nia. Katika miaka ya 1930 Miss America iliweka kwa maandishi sharti kwamba mshiriki awe mzungu. Sharti hilo lilikuja kufutwa, lakini mshiriki wa kwanza mweusi, Cheryl Browne kutoka jimbo la Iowa, alifika jukwaa la taifa mwaka 1970 tu. Masharti mengine yalidumu zaidi kwa sababu yalionekana ya kawaida: mshiriki awe hajaolewa, awe hana mtoto, awe ndani ya umri fulani. Waandaaji walikuwa na maelezo ya kikazi, kwamba mshindi husafiri mwaka mzima na hapaswi kuwa na majukumu ya nyumbani. Maelezo hayo hayakuwahi kuhusisha marubani, wanamuziki wala wanadiplomasia, ambao nao husafiri mwaka mzima.

Mwaka huohuo wa 1970, tarehe 20 Novemba, fainali za Miss World zilifanyika katika ukumbi wa Royal Albert Hall jijini London zikirushwa moja kwa moja na televisheni. Mchekeshaji Bob Hope alikuwa jukwaani akitania wakati wanawake waliokuwa wameketi kama watazamaji wa kawaida walipoinuka, wakapiga kelele kwa njuga za mbao na kumwaga vipeperushi na vifuko vya unga. Hope akakimbilia nyuma ya jukwaa. Waandamanaji walisema wanawake wanapangwa na kukaguliwa kama ng'ombe mnadani. Utulivu uliporudi, taji likaenda kwa Jennifer Hosten wa Grenada, mwanamke wa kwanza mweusi kulipata, na nafasi ya pili ikaenda kwa Pearl Jansen, msichana wa Afrika Kusini asiye mzungu aliyeletwa haraka dakika za mwisho ili kuzima malalamiko kwamba nchi hiyo ya ubaguzi ilikuwa imetuma mzungu peke yake. Afrika Kusini ikawa na warembo wawili, mmoja mwenye utepe wa nchi na mwingine mwenye utepe ulioandikwa maneno yaleyale yakigeuzwa. Usiku mmoja ukawa na hoja mbili zilizogongana. Wanawake wa London waliona jukwaa lile kuwa ni dharau. Hosten ameeleza mara nyingi kwamba kwa wasichana weusi waliokuwa wakitazama, taji lile lilikuwa ushindi. Mjadala huo haujapata mshindi mpaka leo, na pengine hautapata.

Afrika Mashariki iliingia katika mambo haya mapema na kwa kigugumizi. Tanzania ilipata mrembo wake wa kwanza wa taifa mwaka 1967, Theresa Shayo. Huo ulikuwa mwaka wa Azimio la Arusha, lililoiingiza nchi katika siasa ya Ujamaa, na upepo haukuwa upande wa mataji. Mashindano yakapigwa marufuku kwa hoja kwamba hayaendani na utamaduni wa taifa. Umoja wa Vijana wa TANU, chama tawala cha wakati huo, ukaja na Operesheni Vijana iliyoanza Januari 1969, ikipiga vita vimini, mawigi, suruali za kubana na dawa za kujichubua. Kwa robo karne iliyofuata msichana wa Kitanzania hakuwa na taji la taifa la kugombea. Yaliporuhusiwa tena mwaka 1994 uchumi ulikuwa umefunguliwa, makampuni binafsi yanatafuta pa kujitangaza, na Aina Maeda akawa mshindi wa kwanza wa zama mpya chini ya waandaaji wa Lino International Agency waliokuwa wakiongozwa na Hashim Lundenga.

Utaratibu uliojengwa ulikuwa wa ngazi. Msichana alianzia kitongoji, Chang'ombe, Kigamboni au Sinza kwa mfano, akashinda akaenda ngazi ya Temeke, Ilala au Kinondoni, kisha taifa. Mikoani nako kulikuwa na mashindano ya mkoa na ya kanda. Kila ngazi ilikuwa na mwandaaji wake, ukumbi wake, wadhamini wake wadogo: saluni, duka la nguo, hoteli ya mtaani. Kibali kilitoka Baraza la Sanaa la Taifa, BASATA. Warembo waliwekwa kambini, wakafundishwa kutembea na viatu virefu, wakafanya mazoezi ya shoo ya ufunguzi, wakapangiwa vazi la ubunifu, vazi la ufukweni na vazi la jioni. Halafu likaja swali la jukwaani, ambalo ndilo lililoogopwa kuliko vyote. Mrembo aliruhusiwa kujibu kwa Kiswahili, lakini wengi walichagua Kiingereza wasichokimudu kwa kuamini kwamba majaji watawaona wasomi, na jibu lililokwama katikati likawa kichekesho cha vijiweni wiki nzima. Jina la mfadhili mkuu lilitangulia jina la nchi: kwanza kampuni ya simu, baadaye kinywaji. Watu walitamka Vodacom Miss Tanzania na Redd's Miss Tanzania bila hata kusita.

Msikilizaji anayeikumbuka Desemba ya 2005 atakumbuka jinsi jina la Nancy Sumari lilivyosikika kila mahali. Huko Sanya, China, alifika sita bora za Miss World na kutangazwa mrembo wa Afrika, hatua ambayo hakuna Mtanzania aliyewahi kuifikia. Alichofanya baadaye kina uzito pia: aliingia katika uandishi wa vitabu vya watoto na katika kazi ya kuwafundisha watoto teknolojia, mambo ambayo hayakuwa katika picha ya mrembo aliyezoeleka.

Mwaka 2007 ukaleta mitihani miwili kwa mpigo. Taji la Miss Tanzania lilikwenda kwa Richa Adhia, Mtanzania mwenye asili ya Kihindi, na papo hapo likazuka swali la nani anafaa kuwakilisha sura ya nchi. Waliompinga hawakuweza kuonyesha kanuni aliyoivunja, maana haikuwepo. Swali hilohilo limezizungukia nchi nyingi tangu hapo. Marekani lililipuka mwaka 2013 Nina Davuluri, binti wa wahamiaji kutoka India, aliposhinda Miss America. Japani lilimfuata Ariana Miyamoto, ambaye baba yake ni Mmarekani mweusi, mwaka 2015. Na mwaka 2024 Chidimma Adetshina, aliyezaliwa Afrika Kusini na baba Mnaijeria, alishambuliwa vikali mno alipokuwa fainali za Miss South Africa hadi akajitoa, hasa baada ya uhalali wa uraia wa mama yake kuanza kuchunguzwa. Wiki chache baadaye alishinda taji la Nigeria, na Novemba mwaka huo akashika nafasi ya pili katika Miss Universe jijini Mexico City.

Mtihani wa pili wa 2007 ulikuwa wa nywele. Flaviana Matata, aliyesomea ufundi wa umeme Arusha, alikuwa amevikwa taji la kwanza la Miss Universe Tanzania, mashindano yaliyoandaliwa na Maria Sarungi. Alipanda jukwaani Mexico City akiwa amenyoa kichwa chote. Katika mstari wa warembo zaidi ya 70 wenye nywele zilizolazwa na kuongezwa, kichwa chake kilionekana toka mwisho wa ukumbi, na akaingia kumi bora. Nyumbani maoni yaligawanyika. Wapo waliosema amejiharibu. Lakini wasichana waliosoma shule za serikali, walionyolewa tangu darasa la kwanza hadi kidato cha nne, walimwelewa mara moja: kile walichoambiwa ni sura ya mwanafunzi, inayosubiri kumaliza shule ili iwe sura ya mwanamke, kilikuwa kimepelekwa jukwaa la dunia bila kuombewa radhi. Yeye mwenyewe alijenga kazi ya uanamitindo New York, kisha taasisi inayosaidia elimu ya wasichana.

Ilichukua miaka 12 mpaka sura ya namna hiyo ipate taji lenyewe. Tarehe 8 Desemba 2019 huko Atlanta, Zozibini Tunzi kutoka Rasi ya Mashariki, Afrika Kusini, alishinda Miss Universe akiwa na nywele zake za asili zilizokatwa fupi. Jukwaani alisema kwamba amekulia katika dunia ambayo mwanamke wa ngozi yake na nywele zake hakuhesabiwa kuwa mzuri. Siku sita baadaye Toni-Ann Singh wa Jamaika akashinda Miss World, na kwa kuwa mataji makubwa matatu ya Marekani nayo yalikuwa kwa wanawake weusi, mwaka 2019 ukatoa picha ambayo waandaaji wa miaka ya 1930 waliizuia kwa maandishi. Hata hivyo nywele hazijaacha kuwa kesi. Desemba 2023 Eve Gilles alishinda Miss France akiwa na nywele fupi, naye akaandamwa mitandaoni kana kwamba amedhulumu mtu.

Vazi la kuogelea, lililokuwepo tangu kuzaliwa kwa mashindano haya, limekuwa likiondolewa hatua kwa hatua. Mwaka 2013 Miss World ilipelekwa Indonesia, na kutokana na upinzani wa makundi ya Kiislamu waandaaji walibadili bikini kwa vitambaa vya kufunga kiunoni vya huko Bali. Mwishoni mwa 2014 Julia Morley, mjane wa Eric Morley na mkuu wa mashindano hayo, akatangaza kwamba kipengele hicho kinafutwa kabisa. Miss America ilifuata mwaka 2018, miezi michache baada ya viongozi wake kujiuzulu kwa sababu ya barua pepe zilizowatukana washindi wa zamani. Taasisi ilihitaji kujisafisha, na kuvua bikini ilikuwa njia ya haraka. Miss Universe imebaki nayo, ila mshiriki anaweza kujisitiri zaidi akitaka. Mlango huo wa kujisitiri alikuwa ameugonga Halima Aden, Msomali aliyezaliwa kambi ya wakimbizi ya Kakuma nchini Kenya, alipopanda jukwaa la Miss Minnesota mwaka 2016 akiwa na hijabu na vazi la kuogelea linalofunika mwili mzima. Alifika nusu fainali, akawa mwanamitindo mashuhuri, halafu mwaka 2020 akaiacha kazi hiyo akisema inamtenga na dini yake. Kwa hiyo kisa chake kinaelekea pande mbili: jukwaa lilipanuka kiasi cha kumpokea, na bado yeye aliliona halimtoshi.

Mabadiliko makubwa kuliko yote ni ya miaka hii michache. Agosti 2022 Miss Universe ilitangaza kwamba kuanzia msimu wa 2023 wanawake walioolewa, walioachika, wajawazito na wenye watoto wanaruhusiwa. Septemba 2023 ikaondoa ukomo wa umri wa miaka 28. Matokeo yalionekana upesi. Aprili 2024 Alejandra Rodríguez, mwanasheria na mwandishi wa habari wa miaka 60, alishinda taji la mkoa wa Buenos Aires, Argentina. Novemba mwaka huo Beatrice Njoya aliiwakilisha Malta akiwa na miaka 40. Ufaransa, ambako ukomo ulikuwa miaka 24 na ambako watetezi wa wanawake waliwapeleka waandaaji mahakamani mwaka 2021, iliondoa sharti la umri na ndoa mwaka 2022; miaka miwili baadaye Angélique Angarni-Filopon wa Martinique akashinda akiwa na miaka 34. Ujerumani iliwahi kabla yao: mwaka 2020 Miss Germany alikuwa Leonie von Hase, mzaliwa wa Namibia, mwenye miaka 35 na mtoto mmoja, katika mashindano yaliyokwisha kuacha bikini.

Miss World haijaenda huko. Mwaka 2018 Veronika Didusenko alinyang'anywa taji la Ukraine ilipogundulika kwamba ana mtoto na amewahi kuolewa, akaamua kupambana kisheria. Hapo ndipo hesabu za biashara zinapojitokeza wazi. Miss World huuza huruma na miradi, na mfadhili wake mkubwa siku hizi mara nyingi ni serikali inayotaka watalii, kama ilivyokuwa jimbo la Telangana nchini India mwaka 2025. Serikali haipendi ubishi. Miss Universe iliuzwa Oktoba 2022 kwa dola milioni 20 kwa kampuni ya Thailand ya JKN, chini ya mwanamke aliyebadili jinsia, Anne Jakrajutatip. Mmiliki aliyelipa fedha hizo alihitaji kuuza leseni nyingi, vipodozi vingi na tiketi nyingi, na asingeweza kwa kubaki na wasichana wa miaka 18 hadi 28 tu. Kufungua mlango kulikuwa haki. Kulikuwa pia kupanua soko. Hata hivyo soko halikutosha: Novemba 2023, katika mwezi uleule wa fainali za El Salvador, JKN iliomba ulinzi wa mahakama dhidi ya wadai wake, na miezi miwili baadaye nusu ya umiliki ikawa mikononi mwa mfanyabiashara wa Mexico, Raúl Rocha.

Kuhusu miradi ya kijamii, Miss World ilianzisha mpango wake wa urembo wenye lengo mwaka 1972, na sasa karibu kila taji lina mradi. Diana Edward, Miss Tanzania 2016, alijulikana kwa kampeni dhidi ya ukeketaji. Quiin Abenakyo wa Uganda, aliyeingia tano bora za Miss World mwaka 2018, alizungumzia mimba za utotoni. Uganda hiyohiyo ilikuwa imekwenda mbali zaidi mwaka 2014: jeshi liliingia katika maandalizi ya Miss Uganda, warembo wakapelekwa kambini kujifunza kilimo na ufugaji, wakapigwa picha wakikamua ng'ombe, na taji likamwendea Leah Kalanguka, mhitimu wa uhandisi wa kompyuta aliyependa kilimo. Watu walicheka. Kicheko hicho kilikuwa cha haki kidogo tu, kwa sababu kukamua ng'ombe ni kazi inayolisha kaya nyingi Uganda kuliko kutembea na viatu virefu. Udhaifu wa miradi hii uko kwingine: mshindi ana mwaka mmoja, hana bajeti ya kudumu, na mwaka ukiisha mrembo mpya huja na mradi mpya. Kisima kilichochimbwa kwa ajili ya filamu ya dakika tatu kinahitaji mtu wa kukitengeneza mwaka wa pili.

Upande mgumu zaidi ni wa madaraka kati ya mwandaaji na mrembo. Msichana wa miaka 19 aliye kambini hutegemea watu wachache kwa chakula, usafiri, mavazi na nafasi ya kushinda, na mkataba aliopewa mara nyingi ameusaini bila mwanasheria. Rwanda ilisimamisha Miss Rwanda Mei 2022 baada ya tuhuma za unyanyasaji wa kingono dhidi ya mwandaaji mkuu kufikishwa kwenye vyombo vya sheria. Tanzania, BASATA iliyafungia mashindano ya taifa mwishoni mwa 2014 baada ya mshindi kutuhumiwa kudanganya umri wake. Mwaka 2018 usimamizi ulikuwa umehamia kwa Basila Mwanukuzi, ambaye mwenyewe alikuwa Miss Tanzania 1998. Mrembo wa zamani kukabidhiwa uandaaji ni badiliko lisilotajwa sana, lakini lina maana, kwa kuwa anajua kambi ilivyo usiku.

Zamani kashfa ilimmaliza mrembo peke yake. Vanessa Williams, mweusi wa kwanza kuwa Miss America, alilazimika kuachia taji Julai 1984 baada ya jarida kuchapisha picha zake za utupu bila ridhaa yake. Taasisi ilimwomba radhi hadharani mwaka 2015, miaka 31 baadaye, akiwa tayari mwimbaji na mwigizaji mkubwa. Leo mrembo ana simu, na katika simu hiyo ana wafuasi wengi kuliko baadhi ya vituo vya televisheni. Mei 2025 Milla Magee wa Uingereza aliondoka Hyderabad katikati ya Miss World akisema warembo walikalishwa mezani na wafadhili matajiri kama wa kuwaburudisha. Waandaaji walikanusha, lakini habari ilikwisha kuzunguka dunia. Novemba mwaka huohuo, Bangkok, mwandaaji wa Miss Universe, Nawat Itsaragrisil, alimkaripia mbele ya wenzake mrembo wa Mexico, Fátima Bosch, kwa madai kwamba hakuchapisha matangazo aliyotakiwa kuyachapisha. Kikao kilikuwa kikirushwa moja kwa moja. Bosch akajibu, akaitiwa walinzi, akatoka. Warembo kadhaa wakasimama na kumfuata, akiwemo mshindi wa mwaka uliotangulia, Victoria Kjær Theilvig wa Denmark. Mwandaaji akaomba radhi huku akilia. Wiki mbili na siku kadhaa baadaye Bosch akavishwa taji, na hapo ukaanza ubishi mwingine, kwa kuwa mmoja wa majaji alikuwa amejiuzulu akidai kwamba waliofuzu walichaguliwa pembeni, dai lililokanushwa na wenye mashindano.

Chanzo cha ugomvi ule kinastahili kuangaliwa kwa karibu: lilikuwa ni suala la machapisho ya mtandaoni. Zamani mapato yalitoka kwa televisheni iliyolipia haki ya kurusha. Sasa hutoka kwa leseni zinazouzwa kwa waandaaji wa kila nchi, kwa wafadhili wanaotaka kuonekana kwenye kurasa za warembo wenyewe, na kwa kura za kulipia ambazo mashabiki hupiga kupitia programu za simu. Mrembo amekuwa mtangazaji, na wafuasi wake ni sehemu ya mali ya mashindano. Kura za kulipia zina tatizo lake. Nchi yenye mashabiki wengi wenye fedha, kama Ufilipino au Thailand, huweza kumsogeza mrembo wake. Nchi ndogo hubaki ikitazama. Mwandaaji wa taifa, naye, akishalipia leseni hutafuta jinsi ya kurudisha fedha zake, na ada ya ushiriki inapopanda, binti wa Kigoma au Mtwara hujikuta nje hata kabla majaji hawajaketi. Mlango wa umri umefunguliwa, wa mfuko umebana.

Pembeni mwa mataji makubwa yamechipuka mengine yanayouliza swali la uzuri kwa namna yake. Kenya iliandaa shindano la warembo na watanashati wenye ualbino Nairobi mwaka 2016, na mwaka 2018 likapanuliwa kuwa la Afrika Mashariki, katika ukanda ambao watu hao wamewindwa na kuuawa kwa imani za kishirikina. Hapo kupanda jukwaani na kupigiwa makofi kulikuwa na maana ambayo Miss Universe haiwezi kuinunua. Uganda mwaka 2019 ilipata Miss Curvy, ikiungwa mkono na waziri wa nchi wa utalii, na ikashutumiwa kwa kuwageuza wanawake wanene kivutio cha watalii. Wazo la kukubali miili tofauti liliharibiwa na aliyelitangaza. Indonesia iliandaa shindano la wanawake Waislamu mwaka 2013, ambalo alishinda Mnaijeria. Mwaka 2024 kukawa na shindano la warembo waliotengenezwa na akili mnemba, taji likaenda kwa Kenza Layli, sura ya mwanamke wa Morocco mwenye hijabu ambaye hayupo duniani. Hakuna mkataba aliousaini wala kikao atakachotoka.

Ulaya Magharibi baadhi wameona bora kufunga. Desemba 2024 waandaaji wa Miss Nederland walitangaza kwamba wanaacha kabisa kutoa taji baada ya zaidi ya miaka 30, na badala yake wakaanzisha jukwaa la mtandaoni la wanawake kusimulia maisha yao. Hiyo ilikuwa nchi ambayo mwaka mmoja tu nyuma taji lake lilivaliwa na mwanamke aliyebadili jinsia, Rikkie Kollé. Wakati huohuo Asia ya Kusini-Mashariki, Amerika ya Kusini na Afrika zinaongeza mashabiki. Katika fainali za Miss World za 2025, Opal Suchata Chuangsri wa Thailand alishinda na Hasset Dereje wa Ethiopia akawa wa pili.

Kitu kilichobadilika kidogo kuliko vyote ni umbo. Kanuni hazitaji kiuno wala uzito, na vipimo vya inchi vilivyosomwa jukwaani miaka ya 1960 havisomwi tena. Lakini alipoingia Jane Dipika Garrett wa Nepal katika 20 bora za Miss Universe mwaka 2023, ilikuwa habari ya dunia kwa sababu moja tu, kwamba alikuwa na mwili ambao mamilioni ya wanawake wanao. Katika mataji makubwa, mama wa watoto anakaribishwa na mwenye miaka 40 anakaribishwa, ilimradi wote wawili waonekane kama hawajazaa na hawajafika umri huo. Kambi bado zinapangwa kwa viatu virefu, na washonaji bado wanaletewa vipimo vilevile.